UZI: Hugo van Lawick, mpiga picha za makala aliyehamia porini Ndutu. Kazi hii inamlipa nani?

Mzee wa Trepodi

Wakuu, habari za jioni.

Juzi humu kijana mmoja aliuliza kama kushuti dokumentari ni kazi ya kumlisha mtu au ni mchezo wa wenye hela zao. Akajibiwa kurasa mbili nzima kuhusu lenzi na droni. Alichouliza hakuna aliyekigusa. Leo nina nafasi, kwa hiyo nitamchukua mtu mmoja aliyeifanya kazi hiyo hapa hapa nchini kwetu mpaka afya ikamkatalia, tumfuatilie: aliingiaje, nani alikuwa akimlipa, aliishije, na picha zake ziliishia mikononi mwa nani.

Mtu mwenyewe ni Hugo van Lawick. Jina lake huenda hamlijui, ila kazi yake mmeiona. Ile picha ya Jane Goodall, mtafiti wa sokwe, akiwa binti kule Gombe, Kigoma, amenyoosha mkono na mtoto wa sokwe naye amenyoosha wake, vidole vinakaribia kugusana? Aliyekuwa nyuma ya kamera ni Hugo. Dunia nzima inamjua dada aliye kwenye picha, inamjua hadi sokwe kwa jina (yule mtoto anaitwa Flint), aliyebonyeza kitufe hana anayemtaja. Kama roho yako inataka kutajwa, kazi hii achana nayo mapema.

Alizaliwa mwaka 1937 Surabaya, Indonesia ya leo, enzi hizo koloni la Uholanzi. Ukoo wa kimwinyi, mbele ya jina kuna "Baron". Baba yake alikuwa rubani wa jeshi la majini, akafariki Hugo akiwa bado mdogo sana, na familia ikahamahama: Australia, Uingereza, mwisho Uholanzi. Mwaka 1959, akiwa na miaka 22, akatua Afrika Mashariki na kupata kazi Nairobi kwa Armand na Michaela Denis, mke na mume waliokuwa na jina kubwa kwenye televisheni ya Uingereza kwa vipindi vya wanyama. Pale ndipo alipoiva. Na Nairobi ndipo Louis Leakey, yule mtafiti wa mabaki ya binadamu wa kale Olduvai, alipomfahamu.

Sasa sikilizeni bahati ilivyoingia. Jane alifika Gombe Julai 1960. Mwaka huo huo akamwona sokwe aliyempa jina David Greybeard akichomeka jani la nyasi kwenye kichuguu, analitoa limejaa mchwa, anawalamba. Habari ile ilitikisa wasomi, maana vitabu vilikuwa vikisema mwenye kutengeneza na kutumia zana ni binadamu peke yake. Lakini aliona yeye tu. Ushahidi wa picha hakuna. National Geographic, wale wenye jarida la Marekani, walikuwa wanatoa fedha na walitaka picha. Jane hakutaka mgeni awatibulie sokwe, akaomba aje mdogo wake wa kike, Judy, ashike kamera. Judy akaja mwaka 1961, mvua ikamnyima kazi. Ndipo Leakey akampendekeza yule kijana wa Kiholanzi, na Agosti 1962 Hugo akashuka kwenye boti Gombe.

Nikipata chai narudi na sehemu ya pili.

Mpwa wa Ukonga

Nimeweka kambi hapa. Shusha vitu mzee.

Binti wa Ujiji

Shikamoo mzee. Mimi ni wa Kigoma, naomba niongeze kwa wasiopafahamu. Gombe hakuna barabara. Unatoka mjini kwa boti, ziwa likiwa limechafuka unaloa mpaka mfupa. Ukishafika hakuna gari wala pikipiki, ni miguu yako. Na ile si tambarare ya Serengeti, ni mabonde yanayopanda wima kutoka ufukweni mpaka kileleni. Mimi nilipanda na chupa ya maji tu nikahisi moyo unatoka. Mtu apande pale na kamera ya chuma ya miaka ya sitini, trepodi ya mbao na masanduku? Ningependa kujua nani hasa alikuwa anabeba.

Mzee wa Trepodi

Marahaba binti. Swali zuri, nitalijibu, usidhani nimelipita.

Sehemu ya pili: Gombe.

Vijana wa leo mnaoshuti saa nzima bila kuzima, jaribuni kuingia kwenye viatu vya huyu bwana. Kamera za porini wakati ule zilitumia filamu ya milimita 16. Roli ya futi 100 inaisha ndani ya dakika 3 hivi. Ukiwa na kamera kubwa inayopokea futi 400 umepata dakika 11. Halafu unafungua, unatoa roli gizani au kivulini, unaweka nyingine, na wakati unafanya hivyo ndipo sokwe anafanya lile ulilolisubiri mwezi mzima. Ukimaliza huoni ulichopiga. Filamu inafungwa, inapelekwa ng'ambo ikasafishwe, na unapata habari baada ya wiki kadhaa kwamba ilitoka au ilikuwa na ukungu.

Jambo jingine ambalo hamna anayelifikiria: sokwe ni mweusi. Msitu una kivuli kizito chenye madoa ya jua makali. Filamu za rangi za miaka ile zilikuwa na njaa ya mwanga kupita kiasi. Ukipima mwanga kwa ajili ya uso wa mnyama, majani nyuma yake yanaungua meupe pee. Ukipima kwa majani, mnyama anakuwa shimo jeusi lenye macho mawili. Inabidi umsubiri akae mahali ambapo mwanga unamfikia kutoka pembeni, na yeye hana habari na shida zako. Tazama picha za Hugo za Gombe, angalia nyusi na mikunjo ya uso inavyosomeka. Hiyo si kazi ya mtu aliyekuja wikendi.

Ndiyo maana nasema kipaji chake kikubwa kilikuwa kukaa. Wapo waliokuwa hodari kumzidi kwa ufundi. Yeye alikaa mpaka wanyama wakamchukulia kama kisiki.

Picha za sokwe wakivua mchwa ndizo zilizomaliza ubishi. Jane aliona, Hugo akaonesha. Toleo la National Geographic la Agosti 1963 likatoka na makala ya Jane na picha za Hugo, na Desemba 1965 filamu ikarushwa kwenye televisheni Marekani, msimulizi Orson Welles. Jane akawa nyota wa dunia kuanzia pale. Jane na Hugo walikuwa wameshafunga ndoa London, Machi 1964, juu ya keki ya harusi kukawekwa sanamu ya sokwe. Mwaka 1967 wakapata mtoto wa kiume. Gombe ilibidi wamjengee kibaraza cha wavu kama tundu, kwa sababu sokwe huwinda watoto wa nyani na kima, na mtoto mchanga wa binadamu mbele yake hana tofauti kubwa.

Lakini tusipambe. Kuna mambo ya Gombe yanayojadiliwa mpaka leo, na kamera imo ndani yake. Sokwe walizoeshwa kuja kambini kwa ndizi. Ilianza kwa David Greybeard kuiba ndizi hemani, ikaishia kuwa kituo cha kulishia chenye masanduku maalumu ya kufungua kwa mbali. Kwa mtafiti ilikuwa njia ya kuwaona sokwe wengi kwa pamoja. Kwa mpiga picha ilikuwa neema, wanyama wanakuja mwangani wenyewe. Ila sokwe wakaanza kugombana kuliko kawaida, nyani nao wakajaa, na baadaye ulishaji ukapunguzwa sana. Mwaka 1966 polio ikawapiga sokwe wa Gombe, wengine wakapooza mikono na miguu, na chanjo ikatiwa ndani ya zile zile ndizi. Ukitaka kujua kama mpiga picha anaweza kusema "mimi natazama tu, sigusi", somo ni hilo.

Sasa swali la Binti wa Ujiji. Waliobeba, waliopika, waliofungua njia na waliomfundisha Jane mwenyewe kupita kwenye yale mabonde walikuwa watu wa huko huko na wengine waliotoka kwa Leakey. Rashidi Kikwale, Dominic aliyekuwa mpishi, Hassan aliyeshughulika na boti na baadaye yale masanduku ya ndizi. Majina yao yamo kwenye vitabu vya Jane. Kwenye filamu hayapewi nafasi ya maana. Na Mei 1975, waasi walipovuka ziwa kutoka Zaire na kuteka wanafunzi wanne wa utafiti, wageni wakaondolewa, walioendelea kufuatilia sokwe kila siku na kuandika kumbukumbu ni Watanzania. Kalamu na daftari walipewa. Kamera, hapana.

Mchokozi Halisi

Hapo ndipo nilipokuwa nakungoja mkuu. Baron kaja kwenye bara la watu, kapewa kazi na mzungu mwenzake, kapendekezwa na mzungu wa tatu, pesa kalipwa na wa nne. Halafu unatuambia "alikaa". Babu yangu naye alikaa, tena alizaliwa kandokando ya hifadhi. Mbona hakuwa mpiga picha?

Mzee wa Trepodi

Sina ubishi na wewe kabisa. Mlango aliufunguliwa. Miaka ile kijana wa Kigoma mwenye jicho zuri kuliko la Hugo asingeoteshwa hata ndoto ya kushika ile kamera, na katika kufuatilia kwangu filamu za wanyama za nchi hii, majina ya mwisho yanayopanda kwenye skrini yamekuwa ya wageni kwa miongo. Nakubali yote.

Ninachokataa ni kudhani mlango ndio kazi. Walioingia mlango ule ni wengi, wakapiga msimu mmoja wakaondoka na tuzo. Huyu aliingia 1959 na aliondoka porini 1998. Tunaweza kumchambua alivyofanya kazi na papo hapo tukasema mfumo uliompa nafasi ulikuwa wa kibaguzi. Kinywa kimoja kinatosha kwa yote mawili.

Kijana wa Lang'ata

Salamu kutoka Nairobi. Mzee, ukimtaja mtu aliyetoka kwa Armand Denis huwezi kumruka Alan Root. Huyo alilelewa hapa Kenya, naye alipitia mikono hiyo hiyo, na alipiga sehemu ya ile filamu ya Serengeti ya 1959 ya Wajerumani Bernhard Grzimek na mwanawe Michael, ile ambayo Michael alikufa kwa ajali ya ndege kabla haijaisha.

Root alikuwa mtu wa aina nyingine kabisa. Yeye hakuwa anasubiri tu, alikuwa anajenga. Alikata kichuguu akaweka kioo ili aone mchwa wakifanya kazi ndani, na filamu hiyo ikateuliwa kuwania Oscar. Mzima Springs kule Tsavo waliingia majini yeye na mkewe Joan kupiga viboko. Kiboko mmoja akararua kinyago cha kuzamia cha Joan, kisha akamgeukia Alan akamtoboa mguu. Nyoka aina ya kifutu naye alimgharimu Alan kidole. Mwaka 1974 wakaruka na puto juu ya Kilimanjaro. Hao wawili ukiwaweka pamoja unaona njia mbili za kazi moja.

Swali langu: kwa nini Hugo alitoka Gombe? Alikuwa na sokwe, alikuwa na mke, alikuwa na jina.

Mzee wa Trepodi

Karibu sana jirani, umenipunguzia kazi. Root anastahili uzi wake, uanzishe wewe.

Alitoka kwa sababu hela iliisha. National Geographic waliona picha za sokwe zinatosha, wakaacha kumlipa Hugo kukaa Gombe. Utafiti wa Jane ukaendelea kupata fedha, kamera haikupata. Hapo ndipo wengi mnaoota kazi hii mjifunze kusoma kati ya mistari: mteja akishajaza kabati lake, hata uwe mume wa mhusika mkuu, unafungasha. Akaenda kutafuta riziki Serengeti, fisi, mbweha, mbwa mwitu, simba. Jane akabaki na Gombe yake. Kwa miaka kadhaa walijaribu kuishi huku na huku, mwaka 1974 wakaachana. Mwaka uliofuata Jane akaolewa na Derek Bryceson, mbunge na mkurugenzi wa hifadhi za taifa. Hugo na Jane hawakugeuka maadui, nitawaambia mbele.

Kabla hawajaachana kuna tukio moja nalipenda, walilifanya pamoja. Moto wa nyasi ulipita, mbuni wakakimbia wakaacha mayai. Tai wakajaa. Yai la mbuni si mchezo, tai wakubwa walikuwa wanaligonga kwa mdomo bila mafanikio. Wakatua tai wadogo weupe wenye uso wa njano, wale wanaoitwa wa Misri. Mmoja akaokota jiwe kwa mdomo, akasimama wima, akainua shingo, akalirusha kwenye yai kwa nguvu. Likakosa. Akaliokota tena. Akarudia mpaka ganda likapasuka. Hugo alikuwa na kamera tayari. Mwaka 1966 wakachapisha habari hiyo kwenye jarida la Nature: ndege anayetumia zana. Angalieni mpiga picha anakuwaje mtafiti bila kuvaa koti jeupe. Gari lilikuwepo, filamu ilikuwemo ndani, na mtu alijua anachokiona.

Dereva wa Kaskazini

Mzee, na mimi nitoe la kwangu. Nimeendesha watalii na waandaaji wa filamu ukanda wa kaskazini muda mrefu, Ndutu naijua vizuri. Nieleze siku inavyokwenda, maana vijana wanadhani ni kuendesha unatafuta chui.

Mnatoka kambini giza bado. Mwanga mzuri ni ule wa jua linapochomoza mpaka kama saa tatu. Ikifika saa nne hivi ardhi inaanza kutoa mawimbi ya joto, ukitazama kwa lenzi ndefu duma anatetemeka kama yuko chini ya maji. Kazi imekwisha hapo, hata kamera iwe ya bei ya nyumba. Mnakaa. Hamrudi kambini, kwa sababu mkiondoka mnyama ataondoka na mtampoteza. Mnakaa garini na jua la utosi mpaka saa kumi jioni.

Kazi ya dereva ni kumsoma mnyama, na watu hawaijui hiyo. Duma akiamka, akajinyoosha, akatazama swala tomi upande fulani, mimi lazima nijue atapita wapi na jua litakuwa wapi wakati huo, nizunguke mbali, nisimame mbele yake kwa umbali wa heshima, nizime injini. Injini ikiwaka lenzi ndefu inacheza. Mpiga picha anaweka lenzi juu ya mfuko wa maharage dirishani. Baada ya hapo hakuna mtu kupiga chafya, kufungua chupa wala kuhamisha tako, gari likiyumba kidogo tu picha imekufa. Ikinyesha mnanasa kwenye tope jeusi, mnalala huko huko.

Februari ndiyo balaa. Nyumbu wanashuka zile tambarare za nyasi fupi kuzaa, ndama anasimama kwa miguu yake ndani ya dakika chache, na kila mwenye meno yuko pale.

Na nina duku duku langu. Kuna waandaaji fulani wa nje, sitawataja, nilifanya nao msimu mzima. Siku moja mpiga picha wao alikuwa mgonjwa, wakanipa kamera nikae na fisi waliokuwa na watoto shimoni. Nikapata kitu ambacho wao hawakukipata msimu wote: mama anamtoa mtoto kwa mara ya kwanza, mtoto anaogopa kivuli chake mwenyewe. Filamu ilipotoka ile sehemu imo. Mwisho yanapita majina mpaka ya aliyepeleka kahawa studio. Langu limo kwenye "tunawashukuru pia", tena limekosewa herufi.

Mpwa wa Ukonga

Dah. Pole sana kaka. Limekosewa herufi!

Mchokozi Halisi

Mzee wa Trepodi, soma hapo juu.

Mzee wa Trepodi

Nimesoma. Dereva, pole, na ulichoeleza kuhusu kumsoma mnyama kinafaa kufundishwa darasani. Hiyo ndiyo nusu ya kazi ya upigaji picha za wanyama na inafanywa na watu wanaoandikwa "dereva". Nitarudi kwenye suala la majina na mikataba.

Sehemu ya mwisho: Ndutu.

Hugo alipiga mahema yake karibu na ziwa Ndutu, pale Serengeti inapokutana na Ngorongoro. Maisha yake Serengeti yalipita miaka 30. Kutoka huko alitoa vitabu na filamu kwa zamu. Mwaka 1970 kitabu cha fisi, mbweha na mbwa mwitu alichoandika na Jane. Mwaka 1973 ikaja habari ya Solo, mtoto wa mbwa mwitu.

Habari ya Solo inabidi tuitulie. Kwa mbwa mwitu kwa kawaida jike mkuu ndiye anayezaa na kundi zima linalea. Jike wa cheo cha chini, Angel, akazaa. Jike mkuu, Havoc, akaua watoto wa Angel mpaka akabaki mmoja, ndiye Solo. Hugo na wenzake walikuwa pale siku zote hizo, kamera inazunguka, hawakuingilia. Kundi likahama, kale katoto kadogo kadhaifu kakashindwa kufuata kakabaki nyuma. Hapo wakamchukua, wakamlea, baadaye wakamuunganisha na kundi jingine.

Miaka mingi nimekuwa nikiwaza kisa hiki. Wapo wanaosema alivunja kanuni, mpiga picha hagusi. Mimi naona alifanya jambo la kueleweka: wakati mauaji ni sehemu ya maisha ya kundi alikaa kimya, kundi lilipoondoka akabaki mtu na mtoto wa mnyama tambarare tupu. Ila sikubaliani na wanaokitumia kisa hicho kuhalalisha kila kitu, kama wale wanaomrushia chui mbuzi ili picha itoke haraka. Hugo hakumwokoa Solo ili apate picha, picha alikuwa nazo tayari.

Kazi yake ninayoiweka juu ya zote ni ile ya mwaka 1988 kuhusu familia ya sokwe Flo wa Gombe. Ni filamu iliyokusanya miaka 20 ya maisha ya ukoo mmoja: Flo anazeeka, anakufa, mwanawe Flint aliyekuwa amekua bila kumwachia mama mgongo anakufa muda mfupi nyuma yake, binti yake Fifi anakuwa mama naye. Hakuna bajeti duniani inayonunua kitu kama hicho. Mtayarishaji wa leo akikupa fedha za kutosha kufuatilia mnyama mmoja miezi sita unamshukuru Mungu.

Miaka ya tisini akapanda ngazi, akaanza kushuti milimita 35 kwa ajili ya majumba ya sinema. Filamu yake ya chui ya mwaka 1996 ilikuwa filamu ya kwanza ya televisheni ya Discovery kupelekwa sinema. Kwa milimita 35 roli ya futi 400 inakwisha kwa dakika 4 na nusu tu. Chui mwenyewe ni mnyama wa kujificha, unaweza kukaa chini ya mti wake kutwa nzima ukaambulia mkia. Katika maisha yake Hugo alipata tuzo 8 za Emmy, zile za televisheni za Marekani. Mzee mwenyewe alikuwa hemani, kwenye vumbi.

Mapafu yakamshinda. Mwaka 1998 akaondoka Ndutu, akahamia Dar es Salaam kwenye nyumba ya Jane, mtalaka wake, mtoto wao naye akiwa hapo hapo mjini. Akafariki 2 Juni 2002. Hiyo ndiyo niliyosema hawakugeuka maadui. Jane mwenyewe ametutoka Oktoba 2025, akiwa na miaka 91, bado yuko kwenye ziara ya mihadhara Marekani.

Kijana wa Pangani

Mzee mimi ndiye niliyeuliza juzi, asante kwa kunijibu kwa kirefu. Nina swali moja. Zile picha za Gombe za mwanzo, zilizolipiwa na National Geographic, ni za nani? Zake au zao?

Mzee wa Trepodi

Hapo umeshika penyewe kijana wangu.

Zilikaa kwenye ghala la National Geographic huko Marekani. Kilichotumika kilitumika, kilichobaki kikafungwa kwenye makopo karibu miaka 50. Mwaka 2014 wakayapata: zaidi ya saa 100 za kazi ya Hugo ya miaka ya sitini. Mwongozaji Brett Morgen akakabidhiwa, na mwaka 2017 ikatoka filamu kuhusu Jane. Picha hazikuwa na mpangilio wala sauti, kwa sababu kamera ile inanasa picha tu. Ilibidi wajue sokwe gani ni yupi, halafu sauti za msitu zitengenezwe upya. Watazamaji wakashangaa: rangi, uso wa Jane akiwa binti, mvua Gombe. Ukiangalia kwa jicho la fundi unagundua kitu kingine, jinsi kamera inavyozidi kumsogelea yule dada kadiri roli zinavyokwenda. Alitumwa sokwe, akaanza kupiga mwanamke akiosha nywele kwenye kijito. Bosi gani angelipia hiyo? Ndiyo iliyobeba filamu nusu karne baadaye, mpigaji akiwa amekufa miaka 15.

Kwa hiyo kabla hujasaini popote, uliza mambo haya na yaandikwe. Mikanda ghafi, maana yake hata ile isiyotumika, inabaki kwa nani? Je, una haki ya nakala ya kuonesha kazi yako? Jina lako linaandikwaje na kwa cheo gani? Dereva wa Kaskazini, kesi yako ilihitaji mstari mmoja tu: atakayeshika kamera na kazi yake ikatumika, ataandikwa mpiga picha. Wengi wanasaini kwa sababu posho ya siku ni nzuri, na kweli huwa nzuri. Lakini posho ya mwezi inakwisha mwezi, picha ya fisi akiogopa kivuli chake inauzwa miaka ishirini.

Kuhusu kumlisha mtu: inamlisha kwa vipande. Harusi na matangazo yanalipa kodi, makala inakuja mara moja moja. Hugo mwenyewe alichanganya vitabu, picha za magazeti na filamu.

Binti wa Ujiji

Mzee, kwa anayeanza sasa hivi na hana mtu wa kumfungulia mlango, aende mbugani au asiende?

Mzee wa Trepodi

Asianze mbugani. Ada za kupiga filamu hifadhini kwa mtu binafsi zinauma, na simba wameshapigwa na kila mtu. Wewe uko Ujiji: dagaa wanavuliwa usiku kwa taa, boti zinajengwa kwa mkono ufukweni. Kijana wa Pangani ana mto, mikoko na mashamba ya mkonge nje ya mlango wake. Mchague mtu au mahali pamoja, urudi hapo mpaka wakuchoke, halafu mpaka wakusahau.

Kijana wa Pangani

Nina wazee wanaojenga mashua karibu na kwetu, nawafahamu tangu utotoni. Hapo nahitaji kibali?

Mzee wa Trepodi

Ukitaka kuionesha hadharani au kuiuza, ndiyo, anzia Bodi ya Filamu. Serikali ya mtaa nayo ijue upo. Na wazee wenyewe wakubali mbele ya kamera, uweke kumbukumbu, hata kama mmoja ni babu yako. Siku ukitaka kuingia hifadhini ni hadithi nyingine, kila mamlaka ina kibali chake: TANAPA kwao, Ngorongoro kwao.

Dereva wa Kaskazini

Kijana, ukifika hatua ya Ndutu nitafute PM. Gari ninalo, na mfuko wa maharage nitakushonea. Ila mkataba tutaandika kwanza.